Hypo tatu, ukoo mmoja? Benki za rehani za Ujerumani na asili ya majina yao

Mwishoni mwa mwaka 2009, msomaji wa kurasa za biashara barani Ulaya alihitaji kalamu na karatasi ili asipotee njiani. Kulikuwa na Hypo Real Estate, benki ya Munich ambayo serikali ya Ujerumani ilikamilisha kuichukua mwezi Oktoba. Kulikuwa na Hypo Alpe Adria ya jimbo la Kärnten, kusini mwa Austria, ambayo serikali ya Austria iliichukua mwezi Desemba. Na kulikuwa na HypoVereinsbank, nayo ya Munich, ambayo haikuchukuliwa na serikali yoyote, kwani tangu 2005 ilikuwa mali ya UniCredit ya Italia.

Tatu hizi ni ndugu? Mbili, ndiyo: Hypo Real Estate ilimegwa kutoka HypoVereinsbank mwaka 2003. Ya tatu haina damu nazo. Lakini mmiliki wake mkubwa tangu 2007 alikuwa BayernLB, benki ya jimbo la Bavaria, ambayo makao yake makuu yako Munich vilevile. Si ajabu watu walichanganya.

Kuitegua fumbo hii kunahitaji kurudi nyuma karibu miaka 250. Katika biashara ya rehani ya Kijerumani jina halikutungwa kwa ajili ya bango. Lilikuwa tamko la kisheria: nani anamkopesha nani, kwa dhamana gani, na nani atabeba hasara mambo yakiharibika. Miaka ilipita, biashara ikageuka, na majina yakabaki ukutani.

Daftari lenye sehemu tatu

"Hypo" ni kifupi cha Hypothek, neno ambalo Wajerumani walilichukua kutoka Kigiriki na ambalo maana yake ya asili ni kitu kilichowekwa chini, yaani kilicholazwa chini ya deni kulishikilia. Mdaiwa habanduki kwenye nyumba yake wala hamkabidhi mdai funguo. Anaendelea kulala humo, kulima au kupangisha, na mdai anabaki na haki tu: deni lisipolipwa, nyumba iuzwe mnadani na yeye alipwe kwanza.

Haki ya namna hiyo haina thamani mpaka kila mtu aweze kuiona. Hapo ndipo Wajerumani walipoweka nguvu zao zote. Prussia ilitoa kanuni ya rehani mwaka 1783, na Kanuni ya Sheria za Madai iliyoanza kutumika nchi nzima tarehe 1 Januari 1900 ikaimarisha mfumo wa Grundbuch, daftari la ardhi linalotunzwa na mahakama ya mwanzo ya eneo husika. Kila kiwanja kina ukurasa wake, na ukurasa una sehemu tatu. Ya kwanza inamtaja mwenye mali. Ya pili inataja mizigo mingine, kama haki ya jirani kupita uani au haki ya bibi kizee kuishi ghorofani mpaka afe. Ya tatu ndiyo ya madeni. Ndani ya sehemu hiyo, aliyetangulia kuandikwa hutangulia kulipwa, na wa pili hapati senti mpaka wa kwanza ashibe.

Ukisoma sehemu ya tatu ya daftari la leo, hata hivyo, neno Hypothek utalikuta kwa nadra. Utakuta Grundschuld, "deni la ardhi". Tofauti yake ni ndogo kwenye karatasi na kubwa mfukoni. Hypothek imefungwa na mkopo mmoja: unavyolipa, nayo inapungua, na mkopo ukiisha imekufa. Grundschuld inasimama peke yake. Ukimaliza kulipa inabaki daftarini kwa kiasi kilekile, na kesho kutwa ukitaka kukopa tena kuezeka paa, benki inaitumia ileile bila wewe kurudi kwa mthibitishaji na kulipa ada upya. Benki na wateja wote wakaipenda. Ndiyo maana leo mtu anaingia kwenye benki yenye neno Hypo juu ya mlango na kutoka akiwa amesaini kitu ambacho si Hypothek.

Anasaini mbele ya mthibitishaji, ambaye sheria inamtaka asome hati yote kwa sauti kuanzia mwanzo hadi mwisho. Wengi husoma kwa kasi ya mnadi wa soko la samaki. Ndani ya hati hiyo kwa kawaida kuna kifungu ambacho mkopaji anakubali kabisa kwamba asipolipa, mali itakamatwa bila benki kufungua kesi kwanza. Inafaa kukisikiliza.

Mfalme, wakopaji mabwana, na karatasi ya rehani

Daftari linaeleza dhamana. Halielezi fedha zinatoka wapi. Kwa hilo twende Silesia, jimbo lenye rutuba ambalo leo sehemu yake kubwa iko Poland, na ambalo Friedrich wa Pili wa Prussia alilipora kutoka Austria kisha akalipigania tena katika Vita vya Miaka Saba, 1756 hadi 1763. Vita vilipokwisha mashamba ya mabwana yalikuwa yameharibika. Wakopeshaji waliokuwa wamewapa fedha, mmojammoja, kwa hati za mtu na mtu, walitaka chao. Bwana aliyekuwa na shamba kubwa lenye thamani hakupata wa kumkopesha thaler moja, maana hakuna aliyejua mwenzake anamdai kiasi gani.

Mfanyabiashara wa Berlin aitwaye Diederich Ernst Bühring ndiye aliyempelekea mfalme pendekezo: mabwana wasikope mmojammoja, wakope kwa pamoja. Mfalme alitoa amri tarehe 29 Agosti 1769, na kazi ya kuusimamisha mfumo Silesia ikaangukia kwa waziri wake Johann Heinrich Casimir von Carmer. Chombo kilichozaliwa kiliitwa Landschaft.

Kwa Mjerumani wa leo Landschaft ni mandhari: milima, mto, ng'ombe wawili. Wakati ule lilikuwa jina la watu, yaani baraza la wenye ardhi wa jimbo, wenye haki ya kukutana na kuamua kwa pamoja. Na Landschaft ya Silesia ilikuwa baraza la lazima. Bwana yeyote mwenye shamba la kikabaila alikuwa mwanachama apende asipende, akope asikope, na shamba lake lilisimama nyuma ya madeni ya wenzake wote.

Utaratibu wenyewe ulikuwa wa kushangaza kidogo. Bwana akitaka mkopo, Landschaft inalithamini shamba lake na kumpa, badala ya sarafu, karatasi. Karatasi hiyo ni Pfandbrief: Pfand ni rehani, Brief siku hizi ni barua lakini zamani ilikuwa hati yoyote rasmi. (Katika masoko ya hisa ya Kijerumani bei ya muuzaji bado inaitwa Brief, kwa sababu muuzaji ndiye aliyeshika karatasi.) Bwana anaipeleka mjini na kuiuza kwa mwenye akiba. Mnunuzi anapokea riba yake kutoka kwa Landschaft na hana haja ya kujua tabia ya bwana, wala kama anacheza kamari. Karatasi za mwanzo zilitaja jina la shamba lililowekwa rehani, lakini nyuma ya shamba hilo kulikuwa na mabwana wote wa jimbo.

Mfumo ulifanya kazi, na majimbo mengine yakaiga: Kurmark na Neumark mwaka 1777, Pomerania 1781, Prussia Magharibi 1787, Prussia Mashariki 1788. Sifa huwa zinaishia hapo. Mimi naongeza moja: mlango huu ulifunguliwa kwa wenye mashamba makubwa tu. Mkulima aliyelima mashamba hayo hakuwa na mahali pa kukopa, na mwaka 1850, Prussia ilipoanzisha benki za kumsaidia kununua uhuru wake kutoka kwa bwana, zilikuwa zimepita zaidi ya miongo minane. Benki hizo nitazirudia, kwa sababu jina lao nalo linadanganya.

Jina la ufalme juu ya mlango

Karne ya 19 iliihamisha rehani kutoka shambani kwenda mjini. Bayerische Hypotheken- und Wechsel-Bank, iliyoanzishwa Munich mwaka 1835 kwa msukumo wa Mfalme Ludwig wa Kwanza, ilijitangaza yote kwa jina: ya Bavaria, ya rehani, na ya Wechsel, yaani hundi za ahadi za wafanyabiashara. Wafaransa waliuchukua mfano wa Pfandbrief na kuunda Crédit Foncier mwaka 1852. Miaka 10 baadaye ikaja Frankfurter Hypothekenbank, kampuni ya hisa iliyofanya rehani na si kingine.

Zikamiminika nyingine, hasa baada ya Ujerumani kuungana mwaka 1871 na Berlin kuvimba kwa majengo ya wapangaji yenye ua ndani ya ua. Majina yao yanasomeka kama ramani: Bayerische, Preußische, Rheinische, Sächsische, Württembergische. Kabla ya muungano kila ufalme ulitoa leseni zake, na jina la jimbo lilikueleza mfalme gani ameruhusu na ardhi ya wapi imewekwa rehani. Neno Deutsche, "ya Kijerumani", lilikuja kuwa la kawaida kwenye majina ya benki pale tu ilipopatikana dola ya kubeba jina hilo. Lenyewe ni la kale sana na halikuwa jina la nchi: linatokana na neno lililomaanisha "ya watu", likitumika kwa lugha ya watu wa kawaida ili kuitofautisha na Kilatini cha makasisi. Majirani hawakulijali. Wafaransa wanaita nchi hiyo kwa jina la kabila la Alemanni, Wafini kwa jina la Wasaksoni, na sisi kwa njia ya Waingereza tukapata Ujerumani, ingawa wazee wa mwambao walisema Wadachi, ambalo liko karibu zaidi na jina wanalojiita wenyewe.

Ushindani ulileta uhuni. Mwaka 1900 kundi la benki za Berlin lililojulikana kama benki za Spielhagen liliporomoka: mali zilikuwa zimethaminiwa kwa bei za ndotoni na kuuziana baina ya kampuni za kundi lilelile. Sheria ya benki za rehani ilikuwa imepitishwa mwaka uliotangulia na ilianza kutumika 1 Januari 1900, kwa hiyo aibu ile ikawa somo lake la kwanza. Sheria hiyo ndiyo moyo wa jambo hili lote, na masharti yake makuu yanaishi hadi leo.

Benki ya rehani iliruhusiwa kufanya kazi finyu tu, isipokuwa chache zilizotangulia sheria, kama zile za Bavaria. Pfandbrief ziliruhusiwa kutegemea asilimia 60 ya kwanza ya thamani ya mali, na thamani yenyewe ikakadiriwa kwa kile ambacho mali inaweza kuzaa siku zote, si kwa bei ya soko ya mwaka wa shangwe. Mikopo iliyo nyuma ya Pfandbrief inaandikwa kwenye rejesta ya pembeni, na mdhamini wa kujitegemea anailinda: hakuna mkopo unaotolewa humo bila idhini yake. Benki ikifa, mikopo hiyo haiingii kwenye mirathi ya kawaida. Inawalipa wenye Pfandbrief kwanza, na kama haitoshi, wao bado wanaidai benki kama wadai wengine.

Hapa pia ndipo ilipo sababu ya jambo linalowashangaza wageni wengi wanaonunua nyumba Ujerumani. Riba imefungwa kwa miaka 10, mara nyingine 15 au zaidi, na ukitaka kulipa deni lote mapema benki inakudai fidia yenye jina refu kuliko hasira yako: Vorfälligkeitsentschädigung. Benki imekopa kwa Pfandbrief ya miaka kadhaa kwa riba isiyobadilika. Ukiirudishia fedha kabla ya wakati, yenyewe bado inamlipa mwenye karatasi riba ileile. Sheria inakupa mlango mmoja wa kutokea: miaka 10 ikishapita tangu upokee mkopo wote, unaweza kuuvunja kwa taarifa ya miezi sita, bila fidia.

Fedha iliyowekwa rehani nchi nzima

Watetezi wa Pfandbrief hupenda kusema kwamba kwa zaidi ya karne moja haijatokea ikashindwa kulipwa. Ni kweli, ukikubali kuuruka mwaka 1923.

Mwaka huo alama (Mark, fedha ya Ujerumani) ya karatasi iligeuka takataka. Aliyekopa kujenga jengo la ghorofa nne kabla ya vita aliweza kulipa deni lote kwa thamani ya mkate. Benki ilipokea karatasi hizo, ikawalipa wenye Pfandbrief kwa karatasi hizohizo, na kwenye vitabu kila kitu kililingana. Walioumia ni wajane, mifuko ya mayatima na wastaafu waliokuwa wameambiwa kwamba hakuna kilicho salama kuliko karatasi ya rehani. Tarehe 28 Novemba 1923 Mahakama Kuu ya Dola ilikataa kwamba alama ni alama tu, yaani kwamba deni la alama za zamani linalipika kwa alama zisizo na thamani, na mwaka 1925 sheria ya kurejesha thamani ikaamua kwamba rehani za zamani zirudishwe hadi asilimia 25 ya thamani yake ya dhahabu. Robo. Wenye Pfandbrief walipata kilichotoka humo.

Dawa ya mfumuko huo nayo ilikuwa rehani. Rentenmark, fedha iliyoanza kutolewa tarehe 15 Novemba 1923 kwa kubadilishwa na alama za karatasi trilioni moja kwa kila moja, haikuwa na dhahabu nyuma yake. Ilikuwa na Grundschuld ya lazima juu ya mashamba ya nchi nzima, pamoja na mzigo kama huo juu ya viwanda, jumla ya Rentenmark bilioni 3.2. Kwa vitendo hakuna ambaye angeweza kwenda na noti kudai kipande cha shamba la Pomerania. Lakini watu waliiamini, na uwezo wa kutoa noti uliwekewa kikomo.

Jina hilo linatatanisha mpaka kesho. Mjerumani akisikia Rente leo anafikiria pensheni. Kwenye majina haya Rente ni pato la kudumu kutoka kwenye ardhi, malipo ya kila mwaka yasiyo na mwisho. Benki za 1850 nilizozitaja, zile za kumkomboa mkulima, ziliitwa Rentenbank kwa sababu zilimlipa bwana kwa hati za pato badala ya kazi za sulubu alizokuwa akidai. Benki iliyotoa Rentenmark ikachukua jina hilo, na mtaji uliotokana nayo ukaanzisha Landwirtschaftliche Rentenbank mwaka 1949, benki ya maendeleo ya kilimo iliyopo Frankfurt hadi sasa. Haitoi pensheni kwa mtu yeyote.

Hela ya Schwäbisch Hall

Asilimia 60 ya nyumba si nyumba. Anayenunua anabaki na pengo, na kwa mtu wa mshahara pengo hilo ndilo lililokuwa ukuta. Georg Kropp, aliyeishi katika kijiji cha Wüstenrot huko Württemberg, aliunda mwaka 1921 umoja wa marafiki uliokuja kuwa chama cha kwanza cha akiba ya ujenzi cha Kijerumani, na kuanzia 1924 ukaanza kazi hiyo kwa dhati. Anayejua upatu hahitaji maelezo marefu: wanachama wanaweka kila mwezi, mfuko ukitosha mmoja anapewa mkopo wa riba nafuu ajenge, anaanza kurejesha, na marejesho yake yanamfikishia zamu mwingine. Chama cha aina hii kinaitwa Bausparkasse. Kwa kuwa nafasi ya kwanza daftarini imeshachukuliwa na benki ya rehani, chenyewe kinakubali kukaa ya pili. Hivyo nyumba moja ya Kijerumani ikawa na wadai wawili waliopangana ngazi kwa ngazi, kila mmoja na sheria yake.

Vyama hivi havikuchukua majina ya falme. Vilichukua majina ya mahali vilipo. Wüstenrot, likisomwa na mtu asiyejua kijiji hicho, linasikika kama wekundu wa jangwani, jina la ajabu kwa kampuni ya nyumba. Na chama kikubwa kuliko vyote kinaitwa Schwäbisch Hall kwa sababu vita vilikitoa Berlin mwaka 1944 na kukitupa katika mji huo mdogo kando ya mto Kocher. Hakikurudi.

Mji huu tunaujua, ingawa hatujui kwamba tunaujua. Katika Zama za Kati Hall ilifua senti ndogo ya fedha iliyosambaa Ujerumani yote, nayo ikaitwa kwa jina la mji: Heller. Jina liliendelea kutumika kwa sarafu ndogo kwa karne nyingi. Serikali ya kikoloni ya Afrika Mashariki ya Kijerumani ilipobadilisha mgawanyo wa rupia mwaka 1904 na kuacha pesa 64, iliigawa rupia katika heller 100. Sarafu hizo zimekwisha. Hela zimebaki, midomoni mwa watu ambao wengi wao hawajawahi kusikia mji unaoitwa Hall.

Waliopewa majina na deni

Uhusiano wa ardhi, deni na jina haukuishia kwenye mabango ya benki. Uko kwenye vitambulisho. Meier, pamoja na tahajia zake zote, alikuwa msimamizi wa shamba la bwana. Huber alikuwa mwenye Hube, kipande cha ardhi cha kutosha familia moja. Schulze, Schulz na Schultz ni vifupi vya Schultheiß, ofisa wa kijiji ambaye kazi yake, kwa maana ya neno lenyewe, ilikuwa kuamuru watu watimize wanachodaiwa.

Ma-Schulze walikuwa wengi mno hivi kwamba Hermann Schulze, mbunge katika bunge la Prussia, alijiongezea jina la mji wake ili atofautishwe na wenzake. Akawa Schulze-Delitzsch, mwasisi wa vyama vya mikopo vya mafundi na wachuuzi ambavyo leo ni Volksbank. Mwenzake wa vijijini alikuwa Friedrich Wilhelm Raiffeisen, meya aliyeona wakulima wakikamuliwa na wakopeshaji, na jina lake la ukoo limekuwa jina la benki kuanzia Rhine hadi Austria. Mtu aliyeitwa "mdai madeni" akawafundisha wadogo kukopeshana wenyewe kwa wenyewe. Historia ina utani wake.

Lehmann ni aliyepewa Lehen, ardhi ya kikabaila aliyoazimwa na bwana. Mzizi huohuo umo katika Darlehen, mkopo. Lakini jina moja linaweza kuwa na njia mbili. Kwa familia nyingi za Kiyahudi Lehmann lilikuwa jina la Kiebrania lililorekebishwa lisikike Kijerumani, hasa pale serikali zilipowalazimisha kuchukua majina ya kudumu, kama Prussia ilivyofanya mwaka 1812. Hawakuwa na Lehen yoyote. Kwa karne nyingi katika sehemu kubwa ya Ujerumani walikatazwa kumiliki ardhi. Ndiyo maana majina ya mabenki makubwa ya Kiyahudi yanataja miji na nyumba: Warburg ni mji wa Westphalia, Oppenheim ni mji kando ya Rhine, na Rothschild ni ngao nyekundu iliyokuwa alama ya nyumba katika mtaa wa Wayahudi wa Frankfurt. Mwana wa mfanyabiashara ya ng'ombe kutoka Rimpar, kijiji cha Bavaria, alifika Marekani mwaka 1844, akapoteza n moja ya jina lake, na duka alilofungua Alabama likaja kuwa Lehman Brothers.

Jina likibaki, kazi ikihama

Tarehe 25 Februari 1947 washindi wa vita waliifuta Prussia kwenye ramani. Benki zenye neno Preußische zilijikuta zimebeba jina la marehemu. Mojawapo, Preußische Landespfandbriefanstalt ya 1922, ilikuwa chombo cha umma cha kugharimia nyumba. Mwaka 1954 ikawa Deutsche Pfandbriefanstalt, makao Wiesbaden. Baadaye ikabinafsishwa, na jina refu likabanwa kuwa Depfa.

Hapo ndipo mambo yalipogeuka. Pfandbrief ziko za aina nyingine pia, ambazo nyuma yake hakuna nyumba bali mikopo kwa serikali na manispaa. Biashara hiyo ilikua haraka, hasa baada ya Frankfurter Hypothekenbank kutoa Pfandbrief kubwa ya kwanza ya aina ya "Jumbo" mwaka 1995 na wawekezaji wa kimataifa kuzinunua. Depfa ilizama humo. Mwaka 2002 ilijigawa: rehani za majengo zikaenda kwa Aareal Bank, na mikopo ya serikali ikahamia Dublin chini ya jina Depfa. Kwa hiyo jina lililomaanisha "taasisi ya Kijerumani ya karatasi za rehani" lilikuwa sasa kwenye benki ya Ireland isiyoshughulika na rehani.

HypoVereinsbank nayo ilikuwa na historia yake. Ilizaliwa mwaka 1998 kwa kuunganisha ile Hypotheken- und Wechsel-Bank ya 1835 na jirani yake Bayerische Vereinsbank ya 1869, na miezi michache tu baada ya harusi bwana harusi alifungua kabati la bibi harusi na kukuta hasara ya majengo ya alama bilioni 3.5. Mwaka 2003 iliimega sehemu ya biashara ya majengo na kuiita Hypo Real Estate. Mwaka 2007 mtoto huyo aliinunua Depfa kwa takribani euro bilioni 5.7.

Lehman Brothers ilifilisika tarehe 15 Septemba 2008, na benki duniani zikaacha kukopeshana. Depfa ilikuwa ikikopa fedha za siku na wiki ili kugharimia mikopo ya miaka mingi, kinyume kabisa na ule utaratibu wa kulinganisha muda ambao Pfandbrief ilijengwa juu yake. Ndani ya wiki mbili hivi Hypo Real Estate iliomba kuokolewa. Kifurushi cha kwanza cha euro bilioni 35 kilitangazwa mwisho wa Septemba, kikavunjika, na tarehe 5 Oktoba kikawa bilioni 50. Dhamana za serikali zilizidi bilioni 100 baadaye. Magazeti yaliandika kuhusu "benki ya rehani iliyoanguka", na kwa jina lilivyoandikwa huwezi kuwalaumu. Kilichoiangusha, hata hivyo, ni mikopo ya serikali iliyogharimiwa kwa fedha za muda mfupi huko Dublin.

Ya Kärnten ilianguka kwa sababu nyingine. Katika Austria Hypo ni jina la benki za majimbo, na hii, iliyoanza mwaka 1896, ilipanuka kwenda nchi za iliyokuwa Yugoslavia huku jimbo likiidhamini kwa kiasi kilichozidi mara kadhaa bajeti yake ya mwaka. BayernLB iliirudisha kwa Austria kwa euro moja.

Katikati ya hayo yote, kuanzia 2005 Ujerumani ilikuwa imefuta ile sheria ya 1899 na kuweka Sheria ya Pfandbrief. Benki maalumu ya rehani haihitajiki tena. Benki yoyote yenye leseni ya kutosha inaweza kutoa Pfandbrief, ikiwemo ya meli na, tangu 2009, ya ndege. Mipaka ya zamani imebaki: asilimia 60, rejesta, mdhamini. Na sheria inalilinda neno lenyewe, kwamba asiyetimiza masharti haruhusiwi kuiita karatasi yake Pfandbrief. Sparkasse (benki ya akiba), Volksbank na Bausparkasse pia ni majina yanayolindwa na sheria.

Mali mbovu za Hypo Real Estate, zenye thamani ya takribani euro bilioni 173 vitabuni, zilihamishiwa mwaka 2010 kwenye chombo cha serikali kiitwacho FMS Wertmanagement. Sehemu iliyobaki hai ilikuwa imeshabadili jina kuwa Deutsche Pfandbriefbank, na mwaka 2015 ikauzwa kwenye soko la hisa la Frankfurt. Depfa ilibaki Dublin ikipunguzwa kidogokidogo mpaka benki ya Austria, BAWAG, ilipoinunua mwaka 2021. Mabaki ya Hypo Alpe Adria yaliitwa Heta, na matawi yake ya Balkan yakawa Addiko Bank. Neno Hypo likaondolewa kwenye majina yao. Wenye Pfandbrief za kikundi cha Munich walilipwa kwa wakati, riba na mtaji.